Kujitolea, Unagenzi na Ajira: Hadhi ya Mwalimu Mbele ya Sheria

Utangulizi

Makala haya yanachunguza hadhi ya kisheria ya walimu wanaohudumu katika mipango ya elimu ya serikali nchini Kenya kwa jina la kujitolea au unagenzi. Swali la msingi ni hili: je, hadhi ya mtu kazini huamuliwa na jina alilopewa, au na kazi anayoifanya?

Maana ya maneno

Mfano wa kuanzia ni Kimana, mji ulio kusini mwa Kaunti ya Kajiado, kwenye barabara itokayo Emali kwenda Loitokitok. Katika mashamba yake ya nyanya na vitunguu, hakuna amchanganyaye jirani aliyekuja kusaidia na kibarua aliyekuja kuvuna. Jirani huja na kuondoka apendapo. Kibarua hupangiwa saa, husimamiwa, na jioni hudai ujira wake.

Lugha nayo huitambua tofauti hiyo. Kitenzi 'kujitolea' kina kiambishi -ji- cha kujirejelea: anayetoa na kinachotolewa ni mtu yule yule. Hivyo, hakuna ofisi iwezayo kujitolea kwa niaba ya mwingine. 'Kibarua' limetokana na 'barua', yaani kijikaratasi alichopewa mtu wa kutwa cha kuhesabia siku zake za kazi. 'Mwanagenzi' naye ni yule ambaye bado anajifunza kazi.

Sheria yasemaje?

Kifungu cha 2 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinamfasili mwajiriwa kuwa mtu aliyeajiriwa kwa ujira au mshahara, na kinamjumuisha mwanagenzi. Anayejitolea hatajwi katika fasili hiyo. Kifungu cha 37 kinaeleza kwamba kibarua akifanya kazi kwa siku mfululizo zisizopungua jumla ya mwezi mmoja, hahesabiwi tena kuwa mtu wa kutwa, na hustahili ilani kabla ya kuachishwa. Aidha, Kifungu cha 41 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kutendewa kwa usawa kazini. Ni dhahiri kuwa sheria hutazama kazi kabla ya jina.

Kesi ya walimu wanagenzi

Shule za sekondari msingi zilipoanza mwaka 2023, maelfu ya walimu waliingia madarasani kama wanagenzi kwa posho ya shilingi 20,000 kwa mwezi. Walikuwa wamehitimu na kusajiliwa, na walifundisha vipindi sawa na wenzao walioajiriwa. Tarehe 17 Aprili 2024, Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi aliamua kwamba mpango huo ulikiuka haki zao, na kwamba Tume ya Huduma za Walimu haikupewa na sheria mamlaka ya kuajiri wanagenzi. Kifungu cha 237 cha Katiba kinaitaka iwaajiri walimu waliosajiliwa. Tume ilikata rufaa. Hata hivyo, Januari 2025 takriban walimu 46,000 walipewa ajira ya kudumu. Wakati huo huo, wanagenzi wengine wapatao 20,000 walichukuliwa.

Kujitolea kwa kweli

Haya hayamaanishi kwamba kujitolea hakupo. Tangu Idara ya Elimu ya Watu Wazima ilipoanzishwa mwaka 1979, madarasa ya ngumbaru yamewategemea pia walimu wa kujitolea. Anayewafundisha jirani zake kusoma jioni, bila malipo, naye ana uhuru wa kuacha bila adhabu, huyo amejitolea.

Hitimisho

Ili kumtambua mwajiriwa, yafaa kuuliza: nani humpangia saa? Nani humwadhibu asipofika? Nani humlipa? Darasa litabaki bila mwalimu akiondoka? Majibu yakielekea kwa mwajiri, jina la unagenzi halitoshi kumnyima mwalimu likizo, ilani na akiba ya uzeeni. Mkulima wa Kimana hawezi kumwita kibarua wake jirani jioni ya malipo ifikapo. Serikali nayo isiruhusiwe kufanya hivyo darasani.