Masasisho ya Simu kwa Ratiba Yako: Mwongozo kwa Watu wa Kilosa na Mikumi

Kwa kawaida Duka la Google Play husubiri mambo manne kabla ya kusasisha programu lenyewe: simu iwe kwenye Wi-Fi, iwe inachaji, iwe imetulia bila kuguswa, na programu yenyewe isiwe imefunguliwa. Aliyepanga hivyo alifikiria simu inayolala nyumbani kwenye chaja, karibu na intaneti ya kulipia kwa mwezi. Sasa ilete simu hiyo Wilaya ya Kilosa. Mkulima wa Zombo anachajisha kwa sola ya jirani, na Wi-Fi anaisikia tu. Simu yake inaweza kumaliza mwaka bila programu hata moja kusasishwa, mpaka siku WhatsApp itakapogoma kufunguka. Mhudumu wa nyumba ya wageni Mikumi ana tatizo la upande wa pili. Simu yake imeunganishwa na ruta ya mapokezi usiku na mchana, na ruta hiyo ina laini ndani yake na inakula bando kama simu nyingine yoyote. Wafanyakazi watano wakiweka simu zao kwenye chaja usiku, bando la bosi linaweza kwisha kabla mgeni hajaamka.

Ushauri wangu kwa wote wawili ni mmoja: usiyazime masasisho, yapangie siku na mahali. Kuna wanaozima kila kitu halafu wanajisifu kwamba wamekomesha wizi wa MB. Mei 2019 iligundulika kwamba WhatsApp ilikuwa na tundu lililomwezesha mtu kupandikiza programu ya kijasusi kwa kukupigia tu, hata usipopokea. Dawa ilikuwa sasisho, na WhatsApp iliwataka watumiaji wake wote, wakati ule bilioni 1.5, walipakue. Aliyezima akasahau alibaki na tundu lake.

Hatua ya kwanza: mjue mlaji. Fungua mipangilio ya simu, ingia sehemu ya mtandao, kisha matumizi ya data. Utaona orodha ya programu na MB ambazo kila moja imekula mwezi huu. Huenda ukakuta Play Store haina kosa kubwa, na mlaji ni video za TikTok au picha za makundi ya WhatsApp zinazojipakua zenyewe. Hizo dawa yake iko ndani ya WhatsApp yenyewe, sehemu ya hifadhi na data, ambako unaondoa alama za picha, sauti na video unapotumia data ya simu. Angalia pia saa ya ujumbe wa mtandao wako. Kanuni ndogo za vifurushi za Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA) za mwaka 2021 zinataka mteja ajulishwe kifurushi kikitumika asilimia 75 na kikiisha. Ujumbe huo ukiingia saa tisa usiku na wewe ulikuwa umelala, basi simu ilikuwa inajilisha yenyewe.

Hatua ya pili: ifunge Play Store kwenye data ya simu. Ifungue, gusa picha au herufi ya jina lako juu kulia, chagua Mipangilio, kisha Mapendeleo ya mtandao, kisha Sasisha programu kiotomatiki. Simu yako ikiwa ya Kiingereza, utafuata maneno Settings, Network preferences na Auto-update apps. Hapo chagua Wi-Fi pekee. Usichague mtandao wowote, labda kama bando lako halina kikomo. Na usichague kutosasisha kabisa, kwa sababu utahitaji mlango huo katika hatua inayofuata.

Hatua ya tatu: zipange programu kwa uzito wa kazi. Rudi kwenye picha yako, ingia Dhibiti programu na kifaa, fungua orodha ya zilizomo kwenye simu. Ukigusa programu, kisha vidoti vitatu juu kulia, utaona alama ya kusasisha kiotomatiki. Iache kwenye programu za benki, za pesa mtandaoni, WhatsApp na kivinjari. Iondoe kwenye michezo, vihariri vya picha na programu za video, ambazo ni nzito na haziharibiki zikichelewa wiki tatu.

Hatua ya nne ndiyo inayosahaulika zaidi. Simu haijui Wi-Fi inalipiwa na nani. Ukijiunga na hotspoti ya Android ya mwenzako, kwa kawaida simu yako hupewa taarifa kwamba mtandao huo unapimwa, nayo hujizuia. Ruta ndogo za laini, zile zinazowekwa kaunta au kwenye dashibodi ya gari la watalii, mara nyingi hazitoi taarifa hiyo. Simu inaona Wi-Fi, inafurahi, inaanza kushusha mzigo. Kwa hiyo iambie mwenyewe: fungua mipangilio ya Wi-Fi, gusa alama ya gia kando ya jina la ruta, tafuta matumizi ya mtandao, na uuweke kuwa mtandao unaopimwa. Kwa Kiingereza ni neno metered. Unafanya mara moja tu kwa kila ruta. Wenye nyumba za wageni Mikumi wangeokoa fedha nyingi kama wangemwelekeza kila mfanyakazi mpya afanye hivyo siku ya kwanza, kuliko kubadilisha nywila kila wiki na kugombana.

Hatua ya tano: funga milango ya uani. Play Store si duka pekee kwenye simu. Tecno, Infinix na itel, ambazo zote ni za kampuni ya Transsion ya China, huja na Palm Store, na Samsung huja na Galaxy Store. Kila moja ina mipangilio yake ya kusasisha, na kuizuia Play Store hakuzigusi. Facebook nayo, ikiwa iliwekwa kiwandani, inaweza kuwa na njia yake. Angalia ndani ya mipangilio yake sehemu ya masasisho ya programu. Mwisho kuna mfumo wa simu wenyewe, ambao mzigo wake unaweza kupita GB moja. Uweke upakuliwe kwa Wi-Fi tu, au ukuulize kwanza.

Wenye iPhone safari yao ni fupi. Ingia Settings, kisha Apps, kisha App Store, na uzime Automatic Downloads iliyo chini ya data ya simu. Kwenye iPhone ambazo hazijafika iOS 18, App Store utaikuta moja kwa moja ndani ya Settings.

Sasa, hatua ya sita: siku yenyewe. Chagua siku moja kwa mwezi. Kama mtandao wako una kifurushi cha usiku, huo ndio wakati wake. Kaa mahali penye 4G ya uhakika, weka simu kwenye chaja, fungua orodha ya masasisho yanayosubiri na usome ukubwa wa kila moja kabla ya kugusa. Sasisha za pesa na mawasiliano kwanza, nyingine zifuate bando likibaki. Usifanye kazi hii safarini. Barabara kuu ya kwenda Iringa inapita ndani ya Hifadhi ya Mikumi kwa takriban kilomita 50, na treni ya SGR ikitoka Kilosa kuelekea Dodoma inaingia mahandakini, ambako mtandao unaweza kukatika. Utashuka na upakuaji uliokwama na betri iliyokwisha. Hakikisha pia simu ina nafasi, hasa zile za GB 16 au 32, kwa sababu memori ikijaa sasisho halikai.

Usiogope ukubwa kupita kiasi. Desemba 2016 Google ilieleza kwamba, kwa njia yake mpya ya kupakua mabadiliko tu, sasisho lilikuwa dogo kwa wastani wa asilimia 65 kuliko programu nzima. Kinachomaliza bando ni wingi wa masasisho yanapokuja kwa mkupuo.

   

Na ikitokea uko kaunta na programu ya pesa imekataa kufunguka mpaka uisasishe, usinunue bando kwa pupa. M-Pesa bado inaitika kwa *150*00#, Airtel Money kwa *150*60#, Mixx by Yas kwa *150*01# na HaloPesa kwa *150*88#. Menyu hizo hazili MB.

Kitu kimoja usikipokee kabisa: faili la “WhatsApp mpya” au “sasisho la benki” lililotumwa kwenye kundi, au kiungo kilichokuja kwa meseji. Sasisho la kweli utalikuta kwenye duka ulilopakulia programu. Faili la namna hiyo likikufikia, lifute bila kulifungua, na umpigie aliyekutumia naye alifute.